Marere ni nini hasa?

Ukipanda mashua Lamu kwenda Manda, mkipita karibu na mikoko angalia yale matawi ya juu ambayo maji kujaa hayafiki, unaweza kuona vitu kama vitepe vimening'inia, vya kijivu, vimepauka kama jivu la kuni. Wengi hudhani mti unaumwa, ama ni mwani umekwama. Si hivyo jamani. Hayo ni marere, na kwa sayansi jenasi yake inaitwa Roccella, jina alilolitoa mtaalamu wa mimea de Candolle mwaka 1805.

Sasa sikiliza vizuri hapa maana ndipo watu hupotea. Marere si mmea. Ni fangasi inayoishi na mwani ndani yake, fangasi ndiyo inayojenga nyumba na kuhifadhi unyevu, na mwani unapika chakula kwa jua halafu wanakula wote. Mwani wenyewe ni Trentepohlia, kwa ukoo ni wa kijani lakini ukiuchunguza rangi yake ni ya machungwa, mimi hilo hunifurahisha kila mara. Hilo jina Roccella ni la fangasi peke yake, mwani una jina lake, kwa hivyo ukoo unafuatwa upande wa fangasi: familia Roccellaceae, oda Arthoniales, na juu kabisa faila ya Ascomycota, zile fangasi zinazobeba spora ndani ya vifuko. Spora ya Roccella ina seli nne. Spishi nyengine hazingojei spora, hutoa unga uliobeba fangasi na mwani pamoja, upepo ukiuchukua basi safari imeanza.

Aina ya huku kwetu kwenye miti ni Roccella montagnei. Zile za visiwa vya Canary, kama Roccella tinctoria, hukaa kwenye majabali ya bahari. Zote zinapenda pwani, hewa ya chumvi na ukungu.

Na wazee wetu waliyajua marere kama mali! Karne ya 19 yalichumwa pwani hii yakauzwa Ulaya kwa ajili ya rangi, yaani yakilowekwa kwenye amonia (zamani walitumia mkojo) wiki kadhaa na yapate hewa, asidi zake zinageuka zambarau. Hata litmasi ya maabara ya shule asili yake ni ndugu hawa. Mkemia Mwingereza Perkin alipotengeneza rangi ya zambarau ya viwandani 1856 ndipo soko likaanza kwenda chini polepole.

Usichanganye na Usnea, nayo ni fangasi na mwani pamoja, ile ya nyuzinyuzi kama ndevu, ukiivuta taratibu ndani kuna uzi mweupe unaonyumbuka, marere hayana. Ramalina, nayo ya namna hiyo hiyo, ndiyo inafanana zaidi na marere, ila ina ukijani-njano, na ukitonesha tone la Jik haigeuki, marere yanakuwa mekundu papo hapo.