Masidi wa Janjira: watawala, si watumwa tu

Wengi huamini kwamba Waafrika waliovushwa Bahari ya Hindi hadi India waliishia kuwa watumwa na vibarua tu. Ni kweli kwamba wengi walifika wakiwa watumwa, hasa kutoka Uhabeshi, lakini nasaba ya Masidi, yaani watu wenye asili ya Afrika waliotawala Janjira, magharibi mwa India, inatosha kuivunja dhana hiyo.

Janjira ni ngome iliyojengwa juu ya kisiwa karibu na Murud, kusini mwa Mumbai, na jina lake linatokana na neno lile lile la Kiarabu ambalo sisi tunalitamka jazira, yaani kisiwa. Mwaka 1682 Sambhaji, mfalme wa Maratha, dola ya Kihindu ya magharibi mwa India, aliagiza mlangobahari ujazwe mawe ili askari wake wavuke kwa miguu. Hata hivyo ngome haikutekwa. Nguvu ya Masidi ilikuwa merikebu zao, ambazo watawala wa Mughal, dola kubwa ya Kiislamu ya India, walizilipia ili zilinde vyombo vya bandari ya Surat, vikiwemo vya mahujaji.

Kosa jingine ni kudhani kwamba tangu mwanzo mtoto alimrithi baba. Zamani, kiongozi alipofariki, cheo kilimwendea afisa mkuu wa merikebu kabla ya mwana wa marehemu, utaratibu ambao naona unaeleza vyema kwa nini ngome haikuangukia mikononi mwa wazembe. Urithi wa kifamilia ulikuja baadaye. Tawi moja la familia lilipewa eneo la Sachin, huko Gujarat, mwaka 1791, na Janjira yenyewe ilibaki na Nawabu (mtawala) wake hadi ilipounganishwa na India mwaka 1948.