“Winta hawakati”: uvumi wa LIHEAP unaozaa madeni kila Aprili

Wiki ya kwanza ya Aprili, ofisi za Community Action hapa jimboni Iowa, Marekani, zinazopokea maombi ya LIHEAP (msaada wa serikali kuu wa kulipia joto la nyumba), hupokea watu wenye notisi za kukatiwa umeme na gesi mkononi. Awe ametoka Uvira, Bujumbura au kambi ya Nyarugusu, maelezo ni yale yale: “Lakini tuliambiwa winta hawakati.”

Aliyewaambia aliwapa nusu ya habari. Nusu aliyoisahau ndiyo inayogharimu mamia ya dola, kwa hiyo tuimalize kwanza hiyo. Uvumi mwingine utafuata kwa haraka, mmoja mmoja.

“Winta hawakati, kwa hiyo bili inaweza kusubiri”

Sheria ya Iowa inaikataza kampuni ya umeme au ya gesi ya bomba kumkatia mteja kati ya 1 Novemba na 1 Aprili, iwapo kaya yake imethibitishwa kustahili LIHEAP au Weatherization, ile programu ya kuziba nyumba isivujishe joto. Neno zito hapo ni “imethibitishwa”. Katazo halishuki pamoja na theluji, wala haliji kwa sababu una watoto wadogo. Ni lazima uwe umejaza fomu, ofisi ya Community Action ya kaunti yako ikakukubali, na kampuni ikapata taarifa hiyo. Ambaye hakuomba anaweza kukatiwa Januari. Kinga ya jumla aliyobaki nayo ni ya kipimajoto tu: utabiri ukionyesha digrii 20 za Fahrenheit au chini ya hapo ndani ya saa 24 zijazo, hawakati. Hiyo ni karibu nyuzi 7 chini ya sifuri kwa Selsiasi. Kukipata joto kidogo tu, digrii 25 au 30, fundi ana ruhusa ya kuja.

Halafu hata kwa aliyethibitishwa, katazo linazuia kukata. Halizuii mita kuhesabu, na halifuti senti moja.

Tufanye hesabu ya mfano. Nyumba ina bili tano za winta: Novemba dola 140, Desemba 210, Januari 260, Februari 240, Machi 180. Jumla 1,030. Tuseme LIHEAP imelipa 450. Mama mwenye nyumba hakulipa chochote kwa sababu “winta hawakati”. Tarehe 1 Aprili anadaiwa 580, na bili ya Aprili iko njiani. Jirani yake mwenye bili zile zile alilipa dola 60 kila mwezi, pungufu sana ya alichodaiwa. Anabaki na deni la 280. Ukiligawa kwa miezi 12, yeye anaongeza kama dola 23 juu ya bili ya kila mwezi. Mwenzake anaongeza 48, na hizo atazilipa mpaka winta nyingine imkute hajamaliza.

Asiyelipa kabisa hukatiwa huduma Aprili. Kurudishiwa huduma huja na ada, mara nyingi na dhamana pia, na sasa anatafuta pesa za mambo matatu kwa mpigo. Kama anaishi kwa vocha ya Section 8, ule msaada wa serikali wa kulipia kodi ya nyumba, na bili iko kwa jina lake, hatari ni kubwa kuliko giza: kuacha kulipia umeme au gesi unayowajibika nayo ni kuvunja masharti ya programu, na vocha inaweza kusitishwa. Watu husubiri vocha hiyo miaka, kisha wanaipoteza kwa bili ya gesi.

Na tafadhali, akaunti mpya isifunguliwe kwa jina la mtoto. Mnajua inavyofanyika. Baba anadaiwa, basi umeme unaandikwa kwa jina la kijana wa miaka 18 aliyemaliza shule juzi. Bili ya pili ikishindikana, kijana anaanza maisha na deni kwenye rekodi yake ya mikopo, na siku anapotaka kupanga chumba chake mwenyewe, mwenye nyumba analiona.

Cha kufanya ni hiki. Lipa kitu kila mwezi, hata dola 40, na ulipe kabla ya tarehe ya mwisho. Ukiona huwezi, piga simu kampuni kabla notisi haijaja, uombe makubaliano ya malipo ya miezi 12. Usikubali awamu usiyoimudu ili simu iishe haraka; makubaliano yakivunjika, ya pili hupatikana kwa masharti magumu zaidi. Omba pia malipo ya wastani, yanayoitwa budget billing: kampuni inajumlisha matumizi ya mwaka na kuyagawa kwa 12. Nyumba yetu ya mfano ikitumia dola 1,400 kwa mwaka, inalipa kama 117 kila mwezi, Julai kama Januari. Jiunge Juni au Julai. Ukijiunga Januari, unaanza na mzigo wa baridi ukiwa huna akiba ya kiangazi.

Walioko vijijini wanaotumia gesi ya tangi, propane, wafute kabisa habari ya katazo. Hakuna mita ya kuzuiwa kukatwa pale. Muuzaji asipolipwa haleti, tangi likiisha limeisha. Agizeni linapofika asilimia 30, msingoje sindano iguse 5.

“Ofisi inapendelea, wengine wanapata wengine hawapati”

Fomu nyingi zinakwama kwa karatasi, wala si kwa upendeleo. Leteni hati za mapato za kila mtu mzima ndani ya nyumba, namba za Social Security za wote, kitambulisho, na bili za karibuni za umeme na za kupasha nyumba, kurasa zote. Ukipiga picha ukurasa wa kwanza peke yake, mara nyingi namba ya akaunti au anwani ya huduma inakosekana, na fomu inalala kwenye rundo. Mtu mzima asiye na kipato hatakiwi kuachwa nje ya fomu. Anasaini tamko kwamba hana kipato. Shangazi aliyehamia kwenu Agosti naye ni mwanakaya.

Kosa lingine ni la wafanyakazi wa viwanda vya nyama. Wanaleta hati za wiki za ovataimu, hesabu inapanda, wanakataliwa. Msimu wa 2025–2026 kikomo cha Iowa kwa kaya ya watu 4 kilikuwa dola 64,300 kwa mwaka, kabla ya makato. Kama kipato chako kinapanda na kushuka, uliza kama wanaweza kuhesabu miezi 12 au fomu ya kodi ya mapato uliyopeleka IRS, mamlaka ya kodi ya Marekani. Madereva wa Uber, hiyo fomu ya kodi ndiyo hati yenu. Pesa iliyoingia benki si faida, petroli na matengenezo ya gari vinatolewa kwanza.

Mkalimani ni haki yenu. Ofisi inayopokea fedha za serikali kuu inapaswa kukuhudumia kwa lugha unayoielewa, bila malipo. Sema Kiswahili, Kirundi au Kinyarwanda, kisha subiri simu iunganishwe. Mtoto wa miaka 11 asiwe mkalimani wa deni la baba yake.

“Nilipata mwaka jana, kwa hiyo naendelea”

Hapana. Ni maombi mapya kila msimu. Iowa kwa kawaida hufungua 1 Oktoba kwa kaya zenye mtu wa miaka 60 na zaidi au mwenye ulemavu, 1 Novemba kwa wengine wote, na kufunga 30 Aprili. Ni malipo ya mara moja kwa msimu, na kiasi hutegemea kipato, idadi ya watu, aina ya nishati na aina ya nyumba. Kwa kawaida hela inakwenda moja kwa moja kwa kampuni na kuonekana kwenye bili yako kama salio. Hutapewa mkononi. Wala si mkopo. Hakuna atakayekudai irudishwe.

“Lazima usubiri ukatiwe ndipo uombe”

Huu ni kinyume cha ule wa kwanza, na unawaumiza watu wale wale. Omba mapema. Msaada wa dharura upo kweli: sheria ya serikali kuu inataka kaya yenye dharura ipatiwe ufumbuzi ndani ya saa 48 tangu iombe, na saa 18 kama uhai uko hatarini. Kwa dharura hiyo Iowa inaweza kulipia hata matengenezo ya fanesi, ile mashine ya kupasha nyumba, iliyokufa kwenye nyumba yako. Fedha hizo zina mwisho, na anayekuja Machi anakuta zilizobaki.

“Wapangaji hawahusiki”

Wanahusika. Sheria ya LIHEAP inataka wapangaji na wenye nyumba watendewe kwa usawa. Kama joto limo ndani ya kodi ya nyumba, njoo na mkataba wa pango. Usijikatalie mwenyewe mlangoni.

“Itaniharibia green card”

Si lazima uwe raia. Mkimbizi, aliyepewa hifadhi na mwenye green card wote wanaweza kuomba, na ile miaka mitano ya kungoja inayotajwa kwenye misaada mingine haigusi LIHEAP. Wakimbizi na waliopewa hifadhi, sheria ya uhamiaji yenyewe imewatoa kwenye kipimo cha “mzigo kwa umma”, yaani kama mtu atategemea misaada ya serikali, wanapoomba green card. Anayeiomba kwa ndoa au kwa kudhaminiwa na ndugu, amuulize mwanasheria wa uhamiaji, si jirani wa kanisani. Mkanganyiko wa karibuni umetokana na sheria ya Julai 2025 iliyowaondoa kwenye SNAP, msaada wa chakula, wakimbizi ambao bado hawajapata green card. Hiyo ni chakula. Joto ni programu nyingine.

“Imefutwa”

Mwaka 2025 Ikulu ilipendekeza LIHEAP isipewe fedha, kisha serikali kuu ikafungwa kuanzia 1 Oktoba hadi 12 Novemba, na malipo yakachelewa katika majimbo mengi. Kwenye WhatsApp hayo yote yakawa neno moja: imefutwa. Programu hii ipo tangu 1981, na anayetenga fedha zake ni Bunge. Pendekezo la bajeti si sheria. Ukisikia tena imefutwa, piga 211, namba ya simu ya kuulizia misaada, uulize, usifute maombi yako kwa kusikia.

“Oveni ikiwa wazi inapasha bure”

Haipashi bure, gesi ni ile ile na mita ni ile ile. Oveni ya gesi iliyoachwa wazi inaweza kujaza nyumba hewa ya sumu ya kaboni monoksaidi, isiyo na harufu wala rangi. Jiko la mkaa ndani ya nyumba ni baya zaidi. Nyumbani tuliliwasha jikoni penye upenyo chini ya paa. Huku madirisha yamefungwa kwa plastiki, hewa haina pa kutokea. Mkaa uliobaki na majivu tu bado unaitoa.

Kama unataka kupunguza bili, badilisha kwanza chujio la fanesi. Likiziba, fanesi inahangaika saa nyingi kwa joto lile lile. Weka themostati, kile kidhibiti cha joto, kwenye digrii 68 za Fahrenheit mkiwa nyumbani na uishushe digrii 7 hadi 10 kwa saa nane mkiwa kazini au mmelala. Kwa makadirio ya Wizara ya Nishati hiyo inaokoa hadi asilimia 10 kwa mwaka. Kwenye fomu ya LIHEAP, uliza pia kuhusu Weatherization. Mpangaji naye anaweza, mwenye nyumba akisaini ruhusa.

Na king'ora cha kaboni monoksaidi kikilia, usitoe betri. Toeni watoto nje, kisha pigeni 911 mkiwa huko huko nje.