Bossa nova ni nini? Samba iliyoteremshwa sauti

Bossa nova ni mtindo wa muziki uliozaliwa Rio de Janeiro, Brazili, mwishoni mwa miaka ya 1950. Ukiuliza ni muziki wa namna gani, wengi watakujibu haraka: samba iliyochanganywa na jazi. Jibu hilo lina ukweli, ila linaanzia katikati ya safari. Watunzi wake waliipenda jazi, na Wamarekani ndio walioutangaza mtindo huu duniani, lakini kiini chake ni samba yenyewe, iliyopunguzwa na kupunguzwa mpaka ikabaki gitaa moja na sauti ya mtu anayeimba kana kwamba msikilizaji amekaa naye mkeka mmoja. Jina lenyewe lilitokana na lugha ya mitaani ya Rio, ambako “bossa” ilikuwa ule ustadi na mbwembwe za mtu kufanya jambo kwa namna yake. “Nova” ni mpya.

Kwa hiyo tuanze na samba. Hii ilikuzwa Rio na watu weusi, wengi wao wakiwa na asili ya Bahia, jimbo la kaskazini-mashariki mwa Brazili, kwenye miongo iliyofuata kufutwa kwa utumwa mwaka 1888. Mababu zao walisafirishwa kwa wingi kutoka Kongo na Angola, na baadhi kutoka Msumbiji, kwa hiyo mtu aliyekulia kwenye ngoma za Kibantu hahitaji kufundishwa kuisikia samba. Kuna surdo, ngoma kubwa inayobeba mapigo mazito ya chini. Kuna tamborim, kingoma kidogo kinachogongwa kwa kijiti na kuyakatiza yale mapigo mazito, kikiwahi hapa na kuchelewa pale. Ongeza matari, manyanga na waitikiaji, mtaa mzima umesimama. Kufikia miaka ya 1950 redio za Rio zilipenda zaidi samba ya polepole ya mapenzi na majonzi, yenye okestra nzima nyuma na mwimbaji mwenye kifua anayelia na mistari yake hadi mwisho.

João Gilberto, kijana wa Juazeiro, Bahia, aliyezaliwa mwaka 1931, alikuja Rio akitaka kuwa mwimbaji wa namna hiyo. Mambo hayakumwendea vizuri. Katikati ya miaka ya 1950 aliondoka mjini, na kwa miezi kadhaa akakaa kwa dada yake huko Diamantina, mji wa milimani katika jimbo la Minas Gerais. Husimuliwa kwamba alikuwa akijifungia bafuni na gitaa lake, kwa sababu kuta za bafu zilimrudishia kila sauti, hata ile ndogo kabisa. Aliporudi Rio mwaka 1957 alikuwa na kitu ambacho wapiga gitaa wenzake walimwomba awaonyeshe tena na tena.

Mkono wake wa kulia ulifanya hivi. Kidole gumba kiligusa nyuzi nene, pigo baada ya pigo, bila kubadilika: hiyo ndiyo surdo. Vidole vitatu vinavyofuata vilivuta nyuzi nyembamba kwa pamoja, si moja baada ya nyingine, vikitoa lile fungu la sauti ambalo wanamuziki huliita kodi. Na vilivuta kwa mpangilio wa tamborim, kabla kidogo ya pigo au baada yake. Kikosi kizima cha ngoma kikawa kimehamia kwenye vidole vinne. Juu ya hapo alikuja kuimba bila kutetemesha sauti wala kuipandisha, huku maneno yake yakitangulia gitaa, kisha yakachelewa, kisha yakakutana nalo penye pigo kana kwamba hayakuwahi kuachana. Ukijaribu kuimba naye utapotea ndani ya mistari miwili. Bila maikrofoni muziki huu usingewezekana, maana sauti kama ile haifiki hata mlangoni.

Julai 1958 alirekodi “Chega de Saudade”, wimbo wa takriban dakika mbili uliotungwa na Antonio Carlos Jobim, maarufu kama Tom, kwa mashairi ya Vinicius de Moraes. Hiyo ndiyo santuri ambayo wanahistoria wengi huihesabu kuwa mwanzo wa bossa nova. Jobim alikuwa mpiga piano aliyekulia Ipanema. Vinicius alikuwa mshairi na mwanadiplomasia aliyemzidi umri kwa zaidi ya miaka kumi. Walishaanza kufanya kazi pamoja mwaka 1956, katika mchezo wa jukwaani ulioihamishia hadithi ya Kigiriki ya Orfeo kwenye vilima vya watu maskini wa Rio.

Mchango wa Jobim uko kwenye kodi, na hapa ndipo jazi inapodai sehemu yake, ingawa yeye alisoma vilevile kwa watunzi wa Kifaransa kama Debussy. Chukua “Samba de Uma Nota Só”, aliyoitunga na Newton Mendonça. Mwimbaji anang’ang’ania noti ileile moja, mstari baada ya mstari, na ungetegemea ichoshe. Haichoshi, kwa kuwa chini yake gitaa linashuka hatua kwa hatua, na kila kodi mpya inaipa noti ile rangi nyingine. Wawili hao walitunga pia “Desafinado”, maana yake “asiyeshika sauti sawasawa”, utetezi wa mtu anayelaumiwa kwamba anaimba kombo. Utani ni kwamba sauti yenyewe inatua kwenye noti zinazosikika kama zimekosewa, kumbe zimepangwa hivyo, na kuzipata barabara ni kazi ngumu.

Vijana walioupokea muziki huu waliishi Copacabana na Ipanema, upande wa kusini wa Rio wenye fukwe na familia zenye uwezo. Walikusanyika kwenye fleti ya familia ya mwimbaji Nara Leão, mbele ya bahari, pamoja na kina Roberto Menescal, Carlos Lyra na Ronaldo Bôscoli. Ni miaka ya Rais Juscelino Kubitschek, aliyeahidi maendeleo ya miaka 50 ndani ya mitano na kuuzindua mji mkuu mpya, Brasília, mwaka 1960. Nyimbo zikajaa bahari, mashua, jua na mapenzi yasiyovunja vyombo.

Mkosoaji José Ramos Tinhorão hakuvumilia. Kwake yeye, vijana wa tabaka la kati walikuwa wameikata samba kutoka kwa wenyewe na kuivisha nguo za Marekani. Kuhusu nani alikula matunda, namuunga mkono: Johnny Alf, mpiga piano mweusi aliyekuwa akipiga kodi za namna hiyo kwenye baa za Copacabana miaka kadhaa kabla ya 1958, hakupata hata robo ya sifa za wenzake. Kuhusu samba kukatwa, hapana. Msikilize tu kidole gumba cha Gilberto.

Februari 1962 mpiga saksafoni Stan Getz na mpiga gitaa Charlie Byrd walirekodi “Jazz Samba” ndani ya kanisa moja mjini Washington, na Marekani ikashikwa. Novemba mwaka huohuo Wabrazili wenyewe walipanda jukwaa la Carnegie Hall, New York. Machi 1963 Getz, Gilberto na Jobim waliingia studio, na Astrud Gilberto, mke wa João, ambaye hakuwa mwimbaji wa kazi, akaimba kwa Kiingereza sehemu ya “Garota de Ipanema”, yaani “Msichana wa Ipanema”. Santuri ndogo iliyouzwa baadaye iliikata sauti ya Kireno ya João, ndiyo maana mamilioni wanaujua wimbo huo bila yeye. Albamu nzima, “Getz/Gilberto”, ilitwaa tuzo ya Grammy ya albamu bora ya mwaka, katika sherehe za 1965. Tangu hapo muziki huu umefungiwa kwenye lifti na kumbi za hoteli, ukipigwa na watu ambao gumba lao limelala.

Nyumbani, jeshi lilipindua serikali mwaka 1964, na nyimbo za mashua zikaanza kusikika kama dharau. Nara Leão mwenyewe aliziacha, na mwisho wa mwaka huo akasimama kwenye “Opinião”, onyesho la nyimbo za upinzani, pamoja na Zé Keti, mtunzi wa samba wa Rio, na João do Vale wa kaskazini-mashariki. Mpiga gitaa Baden Powell na Vinicius waligeukia muziki wa watu weusi wa Bahia, wakatoa “Os Afro-Sambas” mwaka 1966.

Anayetaka kuusikia mtindo huu bila mapambo atafute albamu ya João Gilberto ya mwaka 1973, iliyobeba jina lake tu. Hakuna okestra, hakuna saksafoni. Ni gitaa, sauti, na mpiga ngoma mmoja, Sonny Carr, anayegusa kidogo sana, kwa sababu kazi ya ngoma tayari ina mwenyewe.