Kupima maumivu ya pia ya goti kwa mikono: maana yake

Mwambie mtu mwenye maumivu haya akuonyeshe panapomuuma. Mara nyingi hanyooshi kidole mahali pamoja. Hufunika goti lote la mbele kwa kiganja, au huchora duara kuzunguka pia, kisha husema, "Hapahapa, yaani kwa ndani ndani huku." Jibu hilo lisilo na anwani halimkwazi mpimaji. Kwake ni dalili ya kwanza.

Pia ya goti, kwa jina jingine kilegesambwa, ni kile kifupa kinachochezacheza mbele ya goti ukiwa umenyoosha mguu na kulegeza paja. Ni kipana juu na kina ncha chini, kama pia ya kuchezea watoto, na huenda ndiko jina lilikotoka. Kimeshikwa ndani ya kano la msuli mkubwa wa mbele wa paja, na goti linapokunjwa hushuka kikiteleza katika mfereji ulio mwishoni mwa mfupa wa paja. Upande wa nyuma kimevikwa gegedu, miongoni mwa gegedu nene kuliko zote mwilini. Unene huo una sababu, na sababu hiyo ndiyo msingi wa vipimo karibu vyote vitakavyofuata.

Kwanza neno lenyewe. Mtu akiambiwa "kapime", akili yake hukimbilia sindano ya damu au picha ya eksirei. Vipimo tunavyozungumzia hapa ni vya macho na mikono: unabonyezwa, unasukumwa, unaambiwa uchuchumae, na mpimaji anaangalia uso wako kama anavyoangalia goti. Si kwamba mashine zimekosekana. Picha inaweza kutoka safi huku mwenye goti akishindwa kushuka ngazi, na inaweza kuonyesha gegedu lililochakaa kwa mtu anayekimbia bila shida yoyote. Maumivu hayapigwi picha, kwa hiyo inabidi yachokozwe.

Na kichokozi bora kuliko vyote ni kuchuchumaa. Mpimaji anakwambia usimame, miguu ikiachana kidogo, ushuke polepole, useme maumivu yakianza. Hakuna ufundi wala jina la daktari aliyekigundua, na pengine ndiyo maana wagonjwa wengine hushangaa: "Ndiyo hicho tu?" Ndiyo hicho. Jopo la kimataifa la watafiti wa tatizo hili, katika maafikiano yaliyochapishwa mwaka 2016, lilikitaja kuwa ndicho kipimo bora kilichopo. Kati ya wanaoumia mbele ya goti wakichuchumaa, takribani 80 kati ya 100 hukutwa kweli wana maumivu yanayotokana na pia na mfereji wake.

Sababu ni mzigo. Ukitembea mahali tambarare, pia hugandamizwa kwenye mfupa wa paja kwa nguvu inayokadiriwa kuwa nusu ya uzito wa mwili wako. Ukipanda ngazi, nguvu hiyo hufika kama mara 3 ya uzito wako, na ukichuchumaa hadi chini hupita mara 7. Goti lililonyooka kabisa haliibani pia. Inaanza kukaa vizuri mferejini goti likikunjwa kama nyuzi 20. Ndiyo maana mtu hutembea safari ndefu bila kulalamika, halafu anaumwa na ngazi kumi tu, au anatoka kwenye kiti cha basi akichechemea baada ya kukaa muda mrefu amekunja magoti. Masimulizi ya aina hiyo nayo ni sehemu ya kipimo. Tatizo hili hutambuliwa kwa maumivu ya kuzunguka pia au nyuma yake, yanayoamshwa na angalau kazi moja inayolitwisha goti mzigo likiwa limekunjwa: kuchuchumaa, ngazi, kukimbia, kuruka.

Anayestahimili kuchuchumaa kwa miguu miwili hupewa mguu mmoja, au husimamishwa kwenye ngazi fupi na kuambiwa ashuke taratibu huku mguu wa juu ukibeba kazi yote. Hapo mpimaji anatazama vilevile jinsi goti linavyokwenda: linafuata uelekeo wa vidole vya mguu, au linaangukia ndani kuelekea goti jirani? Kuangukia ndani hakuthibitishi ugonjwa, maana wako wengi wanaofanya hivyo bila maumivu yoyote. Kunamwonyesha mpimaji aanzie wapi kwenye mazoezi, hasa misuli ya nyonga.

Baada ya hapo unalala chali. Anaisukuma pia pembeni kidogo kwa vidole na kubonyeza kingo zake, ya ndani na ya nje. Kingo zikiuma, ushahidi unaongezeka. Wenye dalili hii wanaokutwa na tatizo ni kati ya 71 na 75 katika kila 100. Kipimo hiki hushinda vingi vyenye majina makubwa.

Kimojawapo kati ya hivyo vyenye majina ni kipimo cha Clarke, na hiki nakiwekea kituo kwa sababu bado kinafanywa mno. Umelala, mguu umenyooka. Mpimaji anaweka ile nafasi ya kati ya kidole gumba na cha shahada juu tu ya pia, anaikandamiza kuelekea miguuni, halafu anakwambia ukaze paja. Msuli unaivuta pia juu, mkono unaizuia, na pia inasuguana na mfupa ulio chini yake. Ukiguta au ukashindwa kukaza, unaambiwa gegedu lako limelainika au limechakaa.

Shida ni kwamba karibu kila mtu anaweza kugutushwa namna hiyo. Juu ya pia kuna utando laini wa ndani ya goti, na mkono ukikandamiza vya kutosha utando huo unabanwa, hata kwa mwenye goti zima kabisa. Mwaka 2008 ulichapishwa utafiti uliolinganisha kipimo hiki na yaliyoonekana ndani ya goti kwa kamera ya upasuaji. Kati ya kila magoti 100 yenye gegedu lililoharibika, kipimo kilinasa 39. Kati ya kila magoti 100 yasiyo na uharibifu huo, kiliyatangaza 33 kuwa mabovu. Tazama namba hizo mbili zilivyokaribiana: 39 na 33. Kipimo kinachowabambikia kesi wasio na hatia karibu sawasawa na kinavyowakamata wenye makosa hakijakwambia kitu. Umeumia bure, na pengine umerudi nyumbani ukiamini goti limeoza.

Mlio wa kukwaruza unaosikika chini ya kiganja goti likikunjwa na kunyooshwa nao uko kundi hilohilo. Magoti mengi mazima hulia.

Kuna vipimo vinavyouliza jinsi pia ilivyokaa mahali pake. Mpimaji anajaribu kuuinua ukingo wake wa nje kwa kidole gumba. Ukigoma kufika usawa wa ukingo wa ndani, nyama za upande wa nje zimekaza. Hiki kina nafuu: kikionyesha tatizo kinabeba uzito kiasi, lakini kisipoonyesha hakimfutii mtu tatizo. Kisha anaisukuma pia ndani na nje, akiugawa upana wake kwa robo nne kwa kukadiria. Kusogea robo moja hadi mbili ni kawaida, chini ya hapo imebanwa, robo tatu au zaidi imelegea. Ile pembe inayopimwa kutoka nyonga hadi chini ya goti, iliyopata umaarufu mkubwa zamani, haina msaada huo. Wapimaji wawili huweza kumpima mtu mmoja wakaondoka na majibu mawili.

Kimoja kinastahili kutenganishwa na vingine, kwa kuwa hakitafuti maumivu. Goti likiwa limekunjwa kama nyuzi 30 na paja limelegezwa, mpimaji anaisukuma pia polepole kuelekea nje. Mtu ambaye pia yake iliwahi kuchomoka hasubiri iume: anaudaka mkono wa mpimaji, au anakaza paja ghafla, macho yamemtoka. Hofu hiyo ndiyo jibu. Huyu tatizo lake ni pia isiyotulia mahali pake, na matibabu yake yana njia nyingine.

Sehemu nyingine ya uchunguzi ni ya kuondoa wasiohusika. Maji yanakamuliwa kutoka juu ya goti kwa mkono mmoja, na mwingine unaigonga pia. Ikizama na kudunda kama kitu kinachoelea, goti limejaa maji, na hilo si kawaida ya tatizo hili. Goti lililovimba, lenye joto, au linaloambatana na homa linahitaji daktari siku hiyohiyo. Anayeweka kidole kimoja chini kabisa ya ncha ya pia na kusema "hapa" huenda ana tatizo la kano, na kijana anayekua anayegusa nundu iliyo chini zaidi, juu ya mfupa wa muundi, huenda ana ugonjwa wa Osgood-Schlatter, yaani maumivu ya pale kano la goti linapojishika kwenye mfupa unaokua. Baada ya ajali au kuanguka, kanuni za goti za Ottawa zinataka eksirei ikiwa mtu ana miaka 55 au zaidi, anaumia akiguswa kwenye pia tu au kwenye kichwa cha mfupa mwembamba wa nje ya muundi, hawezi kukunja goti hadi nyuzi 90, au hawezi kupiga hatua 4.

Kwa mtoto mkubwa au kijana anayebalehe, mpimaji makini haishii gotini. Anaikunja nyonga na kuizungusha kwa ndani. Kichwa cha mfupa wa paja kikianza kuteleza kutoka mahali pake, maumivu yanaweza kusikika gotini tu huku nyonga ikikaa kimya, na kila kipimo cha pia kitarudi bila jibu. Hapo kuchelewa kuna gharama, na mtoto hatakiwi kuukanyagia mguu huo hadi apigwe picha ya nyonga.

Kwa waliobaki, mpimaji anarudia kuchuchumaa mara moja kabla hujaondoka. Anaandika maumivu yalianza umeshuka kiasi gani, tuseme goti likiwa nyuzi 60, na umeyapa alama ngapi kati ya 10. Baada ya wiki 6 za mazoezi ya paja na nyonga atakushusha tena, na karatasi hiyo ndiyo itakayolinganishwa.