Bibi, mgongoni ulikuwa umembeba nani? Namna ninavyotafuta mwaka katika simulizi za wazee

Vijana huniandikia wakiwa na rekodi kwenye simu na kero moja. Babu au bibi amesimulia saa nzima, maneno matamu, lakini mwaka hata mmoja hakuna. Ukimwuliza lini, anajibu "zamani", au "enzi za Mwingereza", basi. Wanataka kujua wataliandikaje simulizi kama hilo liwe historia ya ukoo na lisiishie kuwa hadithi ya jioni. Kazi yangu ni kurekodi maisha ya wazee wa Iringa, Njombe, Mbeya na Rungwe, na ushauri wangu wa kwanza huwa hauwafurahishi: acha kumwuliza mzee mwaka.

Ukimbana, atakupa, maana mgeni haondoki mikono mitupu. Atakutajia ule ulio kwenye kitambulisho, ambao mara nyingi karani aliukisia kwa kumtazama usoni. Au atakutajia 1961. Mwaka huo wa Uhuru ni sumaku: ndoa, njaa, kifo cha baba, kufunguliwa kwa shule, vyote huvutwa kwake. Ukiziandika tarehe hizo kama zilivyo utapata ukoo ambao mambo yake yote yalitokea ndani ya miezi michache, halafu ukalala usingizi.

Kitu ambacho mzee hapotezi kirahisi ni mfuatano: kipi kilitangulia, kipi kilifuata, na yeye mwenyewe wakati huo alikuwa nani. Mwanamume atakwambia alikuwa bado anachunga, au alikuwa ameshatoa mahari. Mwanamke ana kalenda bora zaidi, kwa maoni yangu, nayo ni watoto. Sikiliza mazungumzo haya ya Makambako:

"Bibi, mlihamia huku lini?"

"Eee, zamani sana, mjukuu wangu."

"Siku mnabeba vitu, mgongoni ulikuwa umembeba nani?"

"Nilikuwa na huyu wa tatu. Wa pili alikuwa anatembea mwenyewe, kashika sufuria."

"Na Wachina walikuwepo?"

"Wachina walishapita. Huyo wa pili ndiye niliyekuwa naye mgongoni tulipokwenda kuwaangalia wakitandika reli."

Hakuna mwaka hapo, lakini fuatana nami. Ujenzi wa Tazara ulianza 1970 kutokea Dar es Salaam na reli ikamalizika 1975. Sehemu ya kutoka Mlimba kupanda hadi Makambako ndiyo iliyowatoa jasho wajenzi kuliko zote, kwa mahandaki na madaraja yake. Reli ilivuka mpaka pale Tunduma Agosti 1973, kwa hiyo Makambako ilikuwa imeshapita kabla ya hapo. Mtoto wa pili alikuwa wa mgongoni wakati huo. Siku ya kuhama alikuwa anatembea na kushika sufuria, tuseme miaka mitatu au minne. Na agizo la Mwalimu Nyerere kwamba watu wote wawe wanaishi vijijini ifikapo mwisho wa 1976 lilitolewa Novemba 1973. Tunabaki na 1974 au 1975. Bibi hakulazimishwa kutamka namba hata moja.

Halafu usiiache ile sufuria ipite. Ilikuwa na nini? Mbegu za maharage. Zilipandwa wapi? Hazikupandwa, zililiwa, kwa sababu viwanja vya nyumba walishagawiwa lakini mashamba bado. Wasomi wamebishana muda mrefu kama upungufu wa chakula wa 1974 na 1975 ulitokana na ukame au na Operesheni Vijiji, yaani uhamisho ule wa agizo la Mwalimu. Sufuria ya bibi haimalizi ubishi huo. Inachofanya ni kuonyesha mlango mmoja ambao uhamisho ulipitia kuingia jikoni: mbegu ilifika, udongo wa kuipokea haukuwepo. Ripoti ya mkoa itakuambia idadi ya kaya zilizohamishwa. Maharage hayamo.

Chakula ni alama nzuri ya wakati, ila kina mtego wake. Wazee wengi watakutajia ugali wa yanga, ule wa mahindi ya njano yaliyotoka nje. Kijana akisikia hivyo anakimbilia kuandika 1974. Subiri kwanza. Yanga ililiwa katikati ya miaka ya sabini, ikaliwa tena mwanzoni mwa miaka ya themanini. Mwulize aliupata wapi huo unga, na sabuni je? Akianza kusimulia duka la kaya, foleni, na sukari ya kupimiwa, umeshaingia miaka ya themanini. Mwulize pia kama ni kabla au baada ya kifo cha Waziri Mkuu Sokoine, tarehe 12 Aprili 1984. Siku hiyo karibu kila mtu anajua alikuwa wapi redio ilipotangaza.

Kwa walio wakubwa zaidi, tarehe hufichwa na namna ya kuhesabu. Wanaume wengi wa Njombe waliandikishwa kwenda kukata mkonge Tanga na Morogoro, na baada ya 1944 kazi ya kuwakusanya ilikuwa ya Silabu, ofisi iliyoendeshwa na wenye mashamba. Mzee aliyekuwa manamba, yaani kibarua wa mkataba, hahesabu miezi, anahesabu vipande. Kipande kilikuwa kadi ya siku thelathini za kazi, na siku iliyoingia kwenye kadi ni ile tu uliyomaliza kazi uliyopimiwa. Ukiumwa, ukichelewa, mnyapara akiikataa kazi yako, siku hiyo haipo. Kwa hiyo mzee akikwambia alikaa "vipande kumi na viwili", usiandike mwaka mmoja. Huenda ni mwaka na nusu. Na nafasi iliyopo kati ya hesabu hizo mbili ndiyo sehemu ya maisha yake ambayo haikulipwa. Mwulize siku zisizoandikwa alikuwa anakula nini. Mimi hapo huacha rekodi iende na sisemi neno.

Kwa upande wa Rungwe na Kyela utakutana zaidi na Wenela, waliochukua vijana kwenda migodi ya Afrika Kusini. Hapa mambo ni rahisi: baada ya Uhuru serikali ya Tanganyika iliwazuia, hivyo safari ya Wenela ni ya kabla ya hapo au mwanzoni kabisa mwa miaka ya sitini.

Baada ya mazungumzo, siku nyingine, omba kuona karatasi. Siku nyingine nasema kwa makusudi. Ukizidai siku ya kwanza unaonekana karani wa ardhi. Ndani ya lile sanduku la bati chini ya kitanda kuna kadi ya TANU, stakabadhi za kodi ya kichwa, cheti cha ubatizo. Cheti kina maneno mengi kuliko watu wanavyodhani. Misheni zetu ni za zamani, Wamoravian walifika Rungwe 1891, na vitabu vyao vya ubatizo viliandikwa kwa nidhamu. Lakini angalia aliyebatizwa alikuwa mtoto mchanga au mtu mzima. Nimeona mti wa ukoo ambamo babu amezaliwa baada ya mkewe kujifungua mara mbili, kwa sababu aliyeuchora alichukua tarehe ya ubatizo wa ukubwani kuwa ya kuzaliwa.

Majina ya mahali nayo yanahama. Mzee wa Ludewa atasema alizaliwa mkoa wa Iringa, na hajakosea. Njombe imekuwa mkoa tangu 2012 tu. Wa Mbozi atasema Mbeya, kwa kuwa Songwe ni ya 2016. Akisema kaka yake alikwenda Nyasa kutafuta kazi, huenda ana maana ya Malawi ya leo, wala si ziwa. Andika jina alilolitumia yeye, la sasa liweke pembeni.

Sasa nije kwenye jambo linalonisumbua kuliko miaka. Kitabu cha shule kimeingia mdomoni mwa wazee. Nenda Kalenga ukaulize habari za Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, na utapewa vita vya Lugalo, tarehe 17 Agosti 1891, kifo cha kamanda Mjerumani Zelewski, kuanguka kwa ngome ya Kalenga 1894, kifo cha Mkwawa Mlambalasi 1898, yote kwa mpangilio safi. Safi mno. Hakuna aliye hai aliyeyaona hayo, na sehemu kubwa ya unachosikia imepita darasani kabla ya kufika barazani. Sisemi kitupwe. Nasema usikiandike kana kwamba ni kumbukumbu ya msimuliaji.

Kuna siku nyingine ya historia hiyohiyo ambayo bado ina mashahidi. Mkataba wa Versailles wa 1919, kifungu cha 246, uliidai Ujerumani irudishe fuvu la Mkwawa. Miaka ikapita hadi Twining, gavana Mwingereza wa Tanganyika, alipokwenda kulichagua kati ya mafuvu mengi kwenye makumbusho ya Bremen, na likakabidhiwa Kalenga tarehe 19 Juni 1954, Chifu Adam Sapi, mjukuu wa Mkwawa, akiwepo. Aliyekuwa na miaka minane siku ile leo yuko karibu na themanini. Mwulize huyo kuhusu Lugalo, atakusomea kitabu. Mwulize kuhusu siku ile ya 1954, sauti inabadilika: nani alimshika mkono, alivaa nini, vumbi la magari, kutoona chochote kwa sababu ya migongo ya watu wazima. Mtoto ambaye hakuona kitu, akikwambia hakuona kitu, huyo ni shahidi wa kuaminika. Ningewaomba wenye rekoda wakimbilie Kalenga kwa ajili ya watu hao kabla ya kufikiria vita vya 1891, ambavyo vimeshaandikwa vya kutosha.

Kuna na simulizi zisizokubaliana, na hazitakubaliana. Isimani, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dkt. Wilbert Kleruu, aliuawa na mkulima siku ya Krismasi 1971, wakati wa msukumo wa kuanzisha vijiji vya ujamaa kwenye mashamba makubwa ya mahindi. Kwa tarehe hutapata shida, sikukuu huishika siku vizuri, ingawa mwaka wenyewe huteleza. Shida ni maneno yaliyosemwa shambani kabla ya risasi. Kila upande una yake, na kila upande una sababu ya kuyashika. Kijana mmoja aliniletea rasimu ambayo ameyachanganya yote akapata mazungumzo ya wastani, yenye adabu, ambayo hakuna mtu yeyote aliyewahi kuyasimulia. Nilimwomba ayafute, aandike toleo la huyu na toleo la yule, kila moja na jina la kijiji alikorekodia na mwaka aliorekodi. Msimuliaji wa 1990 na wa 2020 hawasemi na serikali ileile, hata akiwa mtu mmoja.

Kwa hiyo daftari langu lina safu mbili. Kushoto naandika maneno ya mzee kama alivyoyatamka, pamoja na Kihehe au Kinyakyusa kilichoingia katikati. Kulia naandika hesabu yangu kwa penseli: "1974 au 1975, kwa sababu ya reli na mtoto wa pili." Sababu iandikwe kila mara, ili anayekuja baadaye na ushahidi bora ajue pa kufuta. Mume wa yule bibi wa Makambako, kwa mfano, anashikilia kwamba walihama kabla ya reli. Nayo imeandikwa, chini ya ile ya mkewe, na penseli upande wa kulia bado haijagusa.