Tambi za pakiti na nyama ya kopo kwa chakula cha jioni: maswali na majibu

Pakiti chache za tambi, kopo la nyama ya ng'ombe, kitunguu, na ndani ya robo saa familia imekaa mkekani inakula. Kwa mzazi aliyefika nyumbani saa moja usiku, na mkaa wenyewe unapanda bei kila kukicha, mlo huu una mvuto wake. Sioni sababu ya kumkaripia mtu kwa kuupika. Mengi yanayosemwa mitaani juu ya tambi hizi ni porojo, lakini lipo jambo moja zito ambalo halisemwi vya kutosha: chumvi yake.

Je, mlo huu ni chakula kamili?

Ukipikwa kama ulivyotoka dukani, hapana. Pakiti ya tambi ya gramu 70 ina wanga mwingi, protini kidogo na nyuzinyuzi haba. Ina mafuta pia, kwa sababu tambi nyingi za aina hii hukaangwa kiwandani kabla ya kufungwa, mara nyingi kwa mafuta ya mawese, ndiyo maana zinaiva kwa dakika 3. Kwa kawaida gramu 15 hadi 20 za kila gramu 100 ni mafuta. Momofuku Ando, aliyezibuni Japani mwaka 1958, alijiwekea masharti yake: chakula kiwe kitamu, cha bei nafuu, kikae muda mrefu bila kuharibika, kiwe rahisi kuandaa, tena kiwe salama. Lishe kamili haimo katika orodha hiyo.

Nyama ya kopo inasaidia upande wa protini. Gramu 100 zina protini kama gramu 25, pamoja na madini ya chuma na vitamini B12. Kinachobaki kukosekana ni mboga, na hizo hazitoki kwenye kopo wala pakiti. Vile vipande vya karoti iliyokaushwa unavyoviona kwenye kipakiti cha viungo ni pambo tu.

Chumvi yenyewe ni kiasi gani?

Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima ale chini ya gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani kama kijiko kimoja cha chai, ukijumlisha vyakula vyote vya siku hiyo. Hiyo ni sawa na miligramu 2,000 za sodiamu, madini yaliyomo kwenye chumvi. Kwa wastani watu wazima duniani hula zaidi ya mara mbili ya kiwango hicho.

Geuza pakiti yako usome mstari wa sodiamu, kisha zidisha kwa 2.5 upate chumvi. Angalia vizuri kama hesabu ni ya pakiti nzima au ya gramu 100, maana hapo ndipo wengi hupotea.

Tuseme pakiti yako ina miligramu 900 za sodiamu, na nyama ina 900 kwa kila gramu 100. Viwango vya namna hiyo ni vya kawaida. Familia ya watu watano inapika pakiti 4 na kopo zima la gramu 340. Tambi zimeleta 3,600, nyama imeleta kama 3,060. Jumla ni 6,660, na kila mmoja anapata kama 1,330. Hizo ni gramu 3.3 za chumvi katika sahani moja, theluthi mbili ya kiwango cha siku nzima cha mtu mzima. Na sahani hiyo hiyo imewekwa mbele ya mtoto wa miaka sita, ambaye kiwango chake ni kidogo zaidi. Bado hatujahesabu mkate wa asubuhi, wala ile chumvi ya mazoea tunayonyunyiza kabla hata ya kuonja.

Kwa hiyo nipike vipi?

Ifanye nyama ya kopo kuwa kiungo. Usiifanye kitoweo. Nusu kopo yatosha watu watano ukiongeza mayai, kwa sababu nyama hiyo imekolea kiasi kwamba kidogo chake kinaenea sufuria nzima.

Andaa mboga kwanza: robo ya kabichi au fungu la mchicha, karoti mbili, hoho moja, nyanya mbili, kitunguu kikubwa, kipande cha tangawizi. Zikikatwa zionekane nyingi kuliko tambi. Usiogope, zitanywea.

Fungua kopo, kwangua yale mafuta meupe yaliyoganda juu, acha kidogo tu ya kukaangia. Weka kitunguu na tangawizi kwenye mafuta hayo, kisha nyama uivunjevunje kwa mwiko. Hakuna haja ya kumimina mafuta mengine. Nyama ikishapata moto vizuri tia karoti, hoho na nyanya. Kabichi au mchicha viingie mwisho ili visilegee sana. Usiiache nyama iungue na kuwa nyeusi. Vunja mayai matatu humo humo, koroga mpaka yashikane.

Pembeni, chemsha tambi kwa maji mengi, kisha yamwage yale maji. Sehemu ya chumvi iliyomo ndani ya tambi na sehemu ya mafuta yake huondoka nayo. Changanya tambi na mboga, nyunyiza vipakiti viwili vya viungo badala ya vinne, kamulia ndimu, weka pilipili kwa anayeitaka. Ndimu ndiyo siri hapa: ukali wake unaufanya ulimi usiulizie chumvi iliyopungua. Chumvi ya jikoni ibaki kabatini.

Turudi kwenye hesabu yetu. Sehemu kubwa ya chumvi ya tambi hukaa kwenye kipakiti cha viungo. Tukadirie miligramu 600 kati ya zile 900. Kwa vipakiti viwili na nusu kopo, kila mmoja sasa anapata chini ya miligramu 800 za sodiamu, karibu gramu 2 za chumvi, hata kabla ya kuhesabu kilichomwagwa na maji.

Ajinomoto iliyomo kwenye viungo ina madhara?

Kwa kiasi kinachotiwa kwenye chakula, wataalamu wa usalama wa chakula wanaiona kuwa salama kwa watu wengi. Asili yake ni glutamati, kitu kilichomo hata kwenye nyanya iliyoiva. Wapo wachache wanaosema huumwa kichwa wakila nyingi. Aliye hivyo aiepuke. Kinachonishangaza ni mtu kuikimbia ajinomoto huku anamimina chumvi kwa kiganja.

Ni kweli tambi zimepakwa nta?

Si kweli. Ule mng'ao na weupe juu ya maji ni mafuta ya kukaangia na wanga.

Nyama ya kopo inaleta saratani?

Swali hili linahitaji jibu la kweli bila kutishana. Mwaka 2015 taasisi ya utafiti wa saratani iliyo chini ya Shirika la Afya Duniani iliiweka nyama iliyosindikwa katika kundi la vitu ambavyo ushahidi umethibitisha kuwa vinaweza kusababisha saratani kwa binadamu, hasa ya utumbo mpana. Nyama iliyosindikwa ni ile iliyohifadhiwa kwa chumvi, moshi au dawa za kuhifadhi: soseji, bekoni, na hii yetu ya kopo. Walikadiria kuwa kula gramu 50 kila siku huongeza uwezekano wa kupata saratani hiyo kwa takribani asilimia 18.

Zingatia neno "kila siku". Asilimia hizo zinaongezwa juu ya uwezekano ambao kwa mtu mmoja mmoja ni mdogo. Na kuwemo katika kundi moja na sigara hakumaanishi hatari ni sawa. Kundi linaeleza uthabiti wa ushahidi, wala halipimi ukubwa wa hatari. Anayekula nusu kopo na familia yake mara moja moja hana sababu ya kukosa usingizi. Anayefungua kopo kila asubuhi apunguze.

Rangi ile ya waridi inatokana na naitraiti ya sodiamu, dawa ya kuhifadhi ambayo kwenye lebo huandikwa E250. Inasaidia kuzuia bakteria hatari, lakini ndani ya mwili inaweza kuchangia kutengeneza kemikali zinazohusishwa na saratani. Faida na hasara zimo kwenye kopo moja.

Kopo limevimba kidogo na dukani wamelipunguzia bei. Ninunue?

Usinunue. Hata ukipewa bure, usilichukue. Kuvimba ni dalili kwamba ndani kuna gesi, na gesi huweza kutoka kwa bakteria. Anayeogopwa zaidi ni Clostridium botulinum, ambaye hupenda mahali pasipo hewa, na sumu yake hulegeza misuli mpaka ile ya kupumulia. Dalili zake huanza mara nyingi saa 12 hadi 36 baada ya kula: kuona vitu viwili viwili, kope kulegea, ulimi mzito, shida ya kumeza. Hiyo ni safari ya hospitali saa hiyo hiyo, usingoje kupambazuke.

Kataa pia kopo linalovuja, lililoliwa na kutu, au lililobonyea kwenye maungio. Ukilifungua likarusha maji au likatoa harufu mbaya, usionje hata kwa ncha ya ulimi. Sumu hiyo yenyewe inaweza kukosa harufu, kwa hiyo pua haitoshi kuwa hakimu. Lifunge kwenye mfuko ulitupe mahali ambapo watoto, mbwa na paka hawafiki.

Nusu ya kopo iliyobaki niiweke wapi? Hatuna friji.

Wenye friji waihamishie kwenye bakuli lenye kifuniko na kuila ndani ya siku 3 au 4. Bila friji, nyama iliyofunguliwa haina tofauti na nyama nyingine iliyopikwa: muda wa saa 2 ndio ukomo, na kwenye joto la Dar es Salaam au Mombasa hesabu muda wa saa 1. Kopo lililokuwa salama kabatini kwa miaka linaacha kuwa salama pale tu unapolifungua. Nunua kopo dogo, au gawana na jirani usiku huo huo. Ukijikuta unalazimisha kulimaliza ili lisiharibike, afadhali ungepika mayai au dagaa.

Nyama yote ya kopo ni ya ng'ombe?

Hapana. Nyingi ya zile laini zinazokatika vipande vipande kama mkate hutengenezwa kwa nguruwe au kwa mchanganyiko. Kama ni suala la dini, soma viambato na utafute alama ya halali. Picha ya juu ya kopo haitoshi.

Na watoto?

Mtoto aliye chini ya mwaka mmoja asipewe kabisa. Figo zake bado changa kwa chumvi ya namna hii. Mpikie pembeni viazi, mboga na yai lililoiva vizuri, kabla hujachanganya nyama na viungo. Wakubwa kidogo wanapenda kutafuna tambi kavu zilizonyunyiziwa viungo vya pakiti nzima. Tambi kavu haziwadhuru kwa ubichi wake, kwani zimeshapikwa kiwandani, lakini viungo vile vyote vimeingia tumbo moja dogo. Na sufuria ya maji yanayochemka iwekwe mbali na ukingo wa meza, hasa pale jiko liko chini sakafuni.

Mara ngapi kwa wiki?

Mimi ningesema isizidi mara moja. Utafiti wa watu wazima wa Korea Kusini uliochapishwa mwaka 2014 uliona kuwa wanawake waliokula tambi hizi mara mbili au zaidi kwa wiki walikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kuwa na mkusanyiko wa matatizo kama kitambi, presha na sukari kupanda. Utafiti wa namna hiyo hauthibitishi kwamba tambi ndizo chanzo. Siku nyingine maharage yaliyochemshwa mwishoni mwa wiki na kugawiwa kwenye friji yanaiva upya kwa muda ule ule, tena kwa gharama ndogo.

Tunaishi na bibi, ana presha. Naye ale?

Mtengee sahani yake mapema: mboga, yai na tambi zilizochemshwa na kumwagwa maji, bila kipakiti cha viungo na bila nyama ya kopo. Mkolezee kwa tangawizi, kitunguu saumu na ndimu. Afanyiwe hivyo pia mwenye ugonjwa wa figo au moyo, ila wa figo aulize kliniki yake kuhusu nyanya na mchicha, kwa sababu vina potasiamu nyingi. Na bibi avimeze vidonge vyake vya presha kwa saa ile ile kama kawaida, hata siku ambayo chakula hakikuwa na chumvi kabisa.