Fer-de-lance ni nyoka gani hasa?

Fer-de-lance ni Kifaransa, na maana yake ni "chuma cha mkuki", yaani ile ncha bapa inayochomekwa kwenye mpini. Jina limetokana na kichwa cha nyoka mwenyewe: kipana nyuma, kinasinyaa kuelekea puani, na shingo nyembamba inakifanya kionekane kimechongwa.

Mwenye jina hilo kwa haki ni mmoja tu, nyoka wa kisiwa cha Martinique, eneo la Ufaransa katika Bahari ya Karibi. Kitaalamu anaitwa Bothrops lanceolatus, na porini hapatikani pengine popote duniani. Hata St. Lucia, kisiwa jirani upande wa kusini, kina nyoka wake wa jamii hiyo, Bothrops caribbaeus, ambaye ni spishi nyingine.

Lakini jina lilivuka bahari. Siku hizi vitabu na makala nyingi huliweka juu ya Bothrops asper wa Amerika ya Kati na Bothrops atrox wa misitu ya Amazon. Mimi naona ni kosa, tena lisilo na sababu, kwa kuwa nyoka hao wana majina yao. Huyo asper, Kosta Rika wanamwita terciopelo, yaani mahameli, kwa jinsi ngozi yake inavyoonekana laini. Guatemala ni barba amarilla, ndevu za manjano.

Kosa hilo si la maneno matupu. Sumu ya nyoka hawa wa bara mara nyingi huharibu uwezo wa damu kuganda, na aliyeumwa huvuja damu. Sumu ya nyoka wa Martinique inaweza kuleta kinyume chake: damu huganda ndani ya mishipa. Mtu anaweza kuumwa mguuni, akavimba kidogo, akadhani amepona, kisha saa kadhaa baadaye au hata kesho yake akapata kiharusi au mshtuko wa moyo. Ndiyo maana kisiwa hicho kina seramu yake, yaani dawa ya kupambana na sumu, inayotengenezwa kwa sumu ya nyoka huyohuyo. Anayesoma kuhusu fer-de-lance wa Kosta Rika akadhani amemjua wa Martinique, amejifunza dalili zisizo zake.

Ajabu ni kwamba Martinique kwenyewe jina hili halina nguvu sana. Watu wengi husema trigonocéphale, jina la kale la kitaalamu lenye maana ya kichwa cha pembetatu. Kwa Krioli, lugha ya wenyeji wa kisiwa, ni bèt-long, mnyama mrefu. Hilo la mwisho ndilo ninalolipenda zaidi. Ni jina la kuzungukia: kwa imani ya wazee wa huko, kumtaja nyoka waziwazi ni kama kumwita aje, hivyo wanamsema kwa urefu wake tu, na kila mtu anaelewa.

Na kwa Kiswahili je? Kishawishi cha kwanza ni kumwita kifutu. Ni ndugu kweli: wote wawili wana meno marefu ya sumu yanayokunjwa mdomo unapofungwa. Ila nyoka wa Martinique ana kishimo kati ya jicho na pua, kila upande, anachotumia kuhisi joto la panya au ndege gizani. Kifutu hana, wala hakuna nyoka yeyote wa asili wa Afrika wa kundi hilo la wenye vishimo. Ukiandika kifutu, msomaji atamwona nyoka mwingine kabisa kichwani mwake.

Ninapendekeza "kichwa-mkuki wa Martinique", jina la kitaalamu likitajwa mara moja mwanzoni. Neno Martinique lisiachwe, kwa sababu kichwa-mkuki peke yake kinaweza kumfaa Bothrops yeyote, kuanzia Meksiko hadi Ajentina.